Waliolala Ukumbi wa Dansi

Jumatatu, 3 Juni

Wageni kumi na mmoja asubuhi, sita mchana. Njia ni ile ile. Geti, ukumbi wa dansi, kaunta ya vinywaji, kiwanja cha tenisi, kisha bwawa la kuogelea. Bwawa naliweka mwisho kwa sababu ziwa linaonekana nyuma yake na watu wanapenda kupiga picha. Lilikauka kabla sijahamia Kigoma. Nyasi zimeota kwenye nyufa, mijusi imejaa.

Hapo ndipo ninapowapa maneno yangu ya Waroma. Kwamba walikuwa na mabafu ya umma na viwanja vya michezo, dola ikaanguka, yakabaki mawe, na sisi Kigoma tunayo magofu yetu ya starehe. Watu hucheka. Miaka thelathini ya kufundisha historia, na kilichobaki ni kichekesho kimoja.

Bosi amepita jioni. Bwana Shirima ndiye aliyeikodi klabu hii miaka saba iliyopita na kunipa kazi ya kutembeza wageni nilipostaafu. Anasema mafundi wanaanza Alhamisi ya wiki ijayo. Watachimba msingi wa jiko na mgahawa pale kando ya bwawa. Mimi nitasimamia waongozaji wapya wawili. Nimefurahi. Sioni sababu ya kuficha hapa.

Jumatano, 5 Juni

Siku mbaya. Akina mama ishirini na wawili wa kanisani, kutoka vijiji vya ziwani kaskazini mwa mji. Walikuwa na mkutano wao mjini, wakaomba waione klabu kabla boti hazijaondoka Kibirizi. Wachangamfu mpaka getini. Tulipoingia ukumbini wengine wakaendelea kuchangamka, wengine wakanyamaza.

Nikaanza kama kawaida. Sakafu ya mninga, jukwaa la bendi, wakubwa wa enzi za Mwingereza wakicheza dansi Jumamosi na wake zao. Baada ya uhuru, wafanyakazi na bendi kutoka Bujumbura na Kalemie. Mama mmoja akatoka kwenye kundi, akaenda kwenye pembe kushoto mwa jukwaa, akaketi sakafuni. Miguu ameinyoosha mbele. Nilidhani ameugua. Nikamfuata na chupa ya maji.

Akaniambia, "Hapa ndipo tulipolala."

Sikuelewa. Nikacheka kidogo. Naona aibu kuandika, lakini nilicheka.

Bwawani akazunguka peke yake, akitazama chini. Mwisho akaniuliza mlimau uko wapi. Nikamjibu hapa hakuna mlimau. Akasema ulikuwepo. Mwenzake akamshika mkono, "Twende, Mama Bukuru, boti itatuacha." Wakaondoka.

Kilichonikera ni kwamba aliniharibia matembezi. Picha ya pamoja haikupigwa.

Alhamisi, 6 Juni

Nimetafuta kisiki. Hakuna.

Nimemuuliza mlinzi, mzaliwa wa Ujiji. Akasema ndiyo, wakimbizi wa Burundi waliwekwa hapa wiki kadhaa miaka ile ya tisini, mamia, kabla ya kupelekwa kambini. Mji mzima unajua. Nikamuuliza mbona hakuwahi kuniambia. Akasema, "Mwalimu, wewe ndiye unayetueleza habari za hapa."

Miaka saba. Nimesimama ukumbini humo labda mara elfu mbili.

Ijumaa, 7 Juni

Sikulala vizuri. Nimekumbuka kitu nilichowahi kukisoma nikiwa chuo cha ualimu. Kwamba Roma ilipoanguka, watu waliokosa pa kwenda walihamia ndani ya viwanja vile vya michezo. Walijenga vibanda juu ya viti. Walizika wafu wao humo humo. Nilikuwa nalijua hilo. Sikuwahi kuliweka kwenye kichekesho changu.

Mtu hatafuti mlimau kwa sababu ya malimau.

Kesho nakwenda Mwamgongo. Mwenyekiti wa akina mama wale ameniambia kwa simu kwamba Mama Bukuru anaishi huko. Naogopa maji. Mimi ni mtu wa Tukuyu, nimezaliwa milimani.

Jumamosi, 8 Juni. Mwamgongo

Zaidi ya saa tatu kwenye boti. Nilishika ubao mpaka vidole vikafa ganzi. Tulipoipita misitu ya Gombe wenzangu walikuwa wanakula mahindi ya kuchemsha. Mimi nilifumba macho.

Alikuwa ufukweni anageuza dagaa. Hakushangaa kuniona. Nilimwamkia, akanipa kigoda, akaendelea na kazi mpaka ikaisha. Kisha akaongea. Naandika nilivyosikia.

Jina lake Konsolata. Walivuka ziwa usiku akiwa na mume na mapacha wa miezi mitano. Kwao pacha wa kwanza huitwa Bukuru na wa pili Butoyi, kama huku tunavyosema Kurwa na Doto. Wakaletwa klabuni. Watu wengi kuliko nafasi. Kuhara kukaingia. Butoyi akashikwa siku ya tisa, siku ya kumi na moja akafa. Geti lilikuwa limefungwa kwa sababu ya ugonjwa, hakuna kutoka, na ilitangazwa malori ya kwenda kambini yatakuja asubuhi. Mume hakutaka mtoto achukuliwe na watu asiowajua. Akamzika chini ya mlimau, kwa kipande cha jembe kisicho na mpini. Asubuhi malori yakaja.

Mume alifia kambini. Yeye aliolewa tena hapa. Bukuru sasa ni mtu mzima, fundi wa kutengeneza boti, ana watoto watatu.

"Anajua?" nikauliza.

"Anajua alikuwa na mwenzake. Jina lake linamwambia kila siku. Ukiita Bukuru umeshamwita na Butoyi. Lakini hajui mwenzake alipo. Mimi nilimwambia ni mbali."

Nikamuuliza kwa nini hakurudi.

"Geti lilifungwa miaka mingi, Mwalimu. Lilipofunguliwa nikasikia ni mahali pa starehe. Nikaona, nitaingia nimwambie nani? Watasema yule mama wa Burundi amechanganyikiwa."

Nikamweleza habari za msingi wa jiko. Ilibidi. Hakulia. Alitazama mikono yake yenye magamba ya dagaa.

"Usinidanganye. Unaweza kuwazuia?"

Nikasema sijui. Hilo lilikuwa kweli.

Jumapili hakuna boti. Nalala kwao.

Jumatatu, 10 Juni

Nimerudi saa tano. Nimekwenda moja kwa moja kwa Bosi.

Hakunifokea. Ningependa angefoka. Alinisikiliza, akainuka kufunga mlango. Akasema kaburi moja likitajwa yatatajwa ishirini. Vibali vitasimama. Mafundi kumi na wanne wameshaacha kazi nyingine kwa ajili ya hii. "Na una ushahidi gani? Mti usiokuwepo?" Akasema hata yeye ana ndugu waliopotea, hajui walizikwa wapi, na maisha yameendelea. Niliona anasema kweli. Ndiyo maana sikuweza kumchukia.

Mwisho akasema, "Mwalimu, ukilipeleka jambo hili nje, usirudi hapa."

Nikaitikia. Nikasema sawa, Bosi. Nikatembea hadi nyumbani Mwanga kwa miguu. Nina miaka sitini na saba. Hakuna atakayeniajiri tena. Nimeogopa. Bado naogopa.

Jumanne, 11 Juni

Nimetembeza kundi la asubuhi. Wanafunzi. Tulipofika bwawani nikaanza ya Waroma, nikakomea kwenye mawe. Nilisimama pale. Mwalimu wao akauliza kama niko salama. Nikawaambia matembezi yamekwisha.

Kutoka hapo nikaenda kwa mtendaji wa kata. Kijana mtaratibu, mwenyeji wa Singida. Aliandika kila kitu. Akampigia bwana afya, maana kaburi halifukuliwi bila yeye. Wakapanga Alhamisi, kabla jembe la fundi halijashuka. Nikampigia mwenyekiti wa akina mama, ampelekee Mama Konsolata habari. Akanipa karatasi nitie sahihi. Sahihi haikufanana na yangu.

Saa kumi Bosi akapiga. "Umeniuza." Akakata.

Basi. Nimepoteza kazi. Nimepika ugali nikaushindwa.

Alhamisi, 13 Juni

Tulikuwa watu wapatao ishirini. Mafundi waliokuja kuchimba msingi wakakaa kwenye ngazi za ukumbi na zana zao. Bwana afya, mtendaji. Bosi akasimama mbali, kiwanja cha tenisi, amevaa miwani ya jua. Mama Konsolata alifika na Bukuru kwa boti ya jana, wamelala kwa jamaa, mtaa wa Gungu. Bukuru ni mrefu, mkimya. Mama yake amemweleza juzi tu. Hakunipa mkono. Nadhani alikuwa ananihesabia mimi makosa ya wote, na sikuona la kumlaumu.

Tatizo likawa lile lile. Mti haupo. Mama alizunguka bwawa mara mbili akasema kila kitu kimebadilika, ukuta ule haukuwepo. Bwana afya akatazama saa. Bosi naye akatazama saa.

Mama akaingia ukumbini. Nikamfuata. Akaenda kwenye pembe yake akalala. Akalala kabisa, ubavu wa kulia, goti limekunjwa, mkono mmoja kama anamfunika mtu. Akakaa hivyo. Kisha akainuka, akatoka kwa mlango mdogo wa pembeni, ule ambao mimi huwa siutumii kwa sababu unatokea kwenye choo cha zamani. Akasimama kizingitini.

"Mimi nilikaa hapa na Bukuru mgongoni. Sikuruhusiwa kufika kaburini. Baba yao alikuwa pale."

Akanyoosha kidole. Katikati ya ngazi za bwawa na bomba lililokatwa. Hatua kama ishirini kutoka tulipokuwa tukitafuta.

Shimo la kwanza, hakuna. La pili, mawe. Fundi aliyekuwa anachimba akachoka, Bukuru akamwomba sepetu. La tatu, mzizi. Mweusi, umeoza. Bukuru akaukata, akaunusa, akampelekea mama yake naye akanusa. Baada ya hapo hakutumia sepetu. Alichimba kwa mikono.

Ikatokea sahani. Ya bati, ya kulia chakula, imelala kifudifudi. Mama alipoiona akashika kichwa. "Nilisahau. Jamani, nilisahau. Nilimpa baba yao amfunike uso ili udongo usimwingie macho."

Chini yake mifupa michache tu. Bwana afya alisema mingine imeshakuwa udongo. Bukuru akasema basi wachukue na udongo. Akavua shati lake, akalitandika, akaweka kila kitu humo kwa viganja, taratibu, kama anayehamisha mayai. Mama akapiga magoti, akainamia lile shati, akasema kwa lugha yao, "Hora, mwana wanje." Nyamaza, mwanangu. Maneno ya kumbembeleza mtoto anayelia.

Mafundi wote walikuwa wamesimama. Mmoja, Muha wa Mwandiga, alikuwa anafuta macho na kofia.

Bukuru alikuwa kifua wazi. Bosi akaja kutoka kiwanja cha tenisi, akavua koti lake, akampa. Bukuru akalivaa. Bosi alivua miwani nikaona macho yake. Akageuka akaenda garini.

Hatukuongea, mimi na yeye. Hata kwa jicho.

Ijumaa, 14 Juni

Mtendaji amesimamisha ujenzi mpaka eneo lote likaguliwe. Watu watatu wameshafika ofisini kwake na habari zao. Mmoja alikuja na jina la dada yake kwenye kipande cha boksi.

Vitu vyangu vimeletwa na mlinzi. Kofia, filimbi, daftari la wageni. Hakuna barua.

Sijuti. Lakini nimekaa kitandani mchana kutwa bila kujua pa kwenda, na hilo pia nalisema.

Jumamosi, 15 Juni. Mwamgongo

Bukuru ndiye aliyenialika. Alipiga simu mwenyewe. "Njoo, Mwalimu. Ulianza nasi."

Tumemzika juu ya kijiji, kwenye udongo mwekundu, karibu na watu wa baba yake wa kambo. Bukuru alitengeneza kijisanduku kwa mbao za boti. Katekista alisoma, akina mama wakaimba, wale wale ishirini na wawili na wengine. Msalaba una jina moja tu, Butoyi. Nilitupia udongo wangu. Niliomba msamaha kimoyomoyo, kwa kucheka siku ile.

Baada ya hapo kuna wali, kuna samaki wa ziwa, migebuka. Watoto wa Bukuru wamepanda juu ya miguu yangu kana kwamba ni ya kwao.

Jumapili, 16 Juni. Mwamgongo

Nimeamka na mvumo wa ziwa. Ibada, chai, viazi vitamu.

Mchana Mama Konsolata aliingia ndani kuchukua ungo, hakutoka. Mke wa Bukuru akaenda kutazama. Akarudi ananyata. "Amelala," akasema. "Tangu nimeolewa hapa sijamwona amelala mchana." Akawaambia watoto wakachezee mbali, akazima redio. Bukuru, aliyekuwa anagonga misumari kwenye boti, akaweka nyundo chini.

Dagaa walikuwa wameanikwa na kunguru wameanza kushuka. Nikasema nitalinda mimi. Nikachukua kifimbo, nikaketi kwenye mchanga. Kunguru wakija nainua kifimbo tu, sisemi kitu. Jua limezunguka mpaka likafika mgongoni kwangu. Bado amelala.