Vipimo vya Mtu wa Kipushi

Jumapili, 6 Julai

Idi amerudi kutoka Kipushi saa kumi na moja jioni. Jumapili ya nne mfululizo. Anasema bado ni ile pampu ya maji, mota imeungua, anaisuka waya upya. Nimemwekea ugali wa bukari na majani ya sombe. Aliponawa nikamtazama mikono. Safi. Hata kucha. Miaka mitano namfulia mwanangu nguo za kazi, naijua kazi yake: vanishi ya mota haitoki kwa siku tatu.

Sikumuuliza. Nimeandika hapa tu.

Jumanne, 8 Julai

Nimemaliza kushona libaya, zile blauzi za harusi. Mama Kapinga, jirani yangu Mkasai, amekuja kuchukua yake. Nikamweleza habari ya mikono. Akacheka mpaka akatafuta kiti.

"Ule mutoto iko na miaka makumi mbili na tatu! Iko na bibi kule Kipushi, njo vile tu. Acha kumulinda sawa polisi."

Labda. Lakini kijana anayekwenda kwa mwanamke hunukia anapoondoka. Idi hunukia anaporudi. Dawa ya kuchua, ile ya wazee wenye maumivu ya viungo.

Baadaye nimepekua suruali yake. Naona haya kuliandika hilo. Mfukoni kulikuwa na karatasi ya duka la dawa: vidonge vya presha. Idi hana presha.

Alhamisi, 10 Julai

Kwa nini ananitazama?

Nilikuwa nakata kitambaa. Nikainua kichwa, yuko mlangoni, ametulia, ananitazama kama anavyosikiliza mashine yenye kasoro. Nikamuuliza kuna nini. "Bule tu, mama." Halafu akauliza baba yake alizikwa wapi hasa.

Nikasema ninayosema siku zote. Shimo la mgodi liliporomoka, hawakumtoa. Akauliza nani alileta habari. Nikasema watu wa kampuni.

Zamani nilikuwa nasema ni baba yake mdogo. Nimekumbuka baada ya kusema. Sijui kama na yeye amekumbuka.

Jumapili, 13 Julai

Amekwenda tena. Asubuhi nilimwambia nitafuatana naye, nikatafute vitambaa, vikwembe vya Zambia, kule mpakani. Akasema Jumapili taksi-basi zinajaa, hatutapata nafasi mbili. Uongo. Tena uongo mbovu, macho yalikimbia. Hana mazoezi.

Mimi ninayo.

Jumatatu, 14 Julai

Ameniletea kazi. Suruali mbili za mzee mmoja. "Juu ya papa moja kule Kipushi," alisema, akaniwekea karatasi mezani. Mwandiko wake. Kiuno themanini na nne. Mguu wa kulia mia na tatu. Mguu wa kushoto mia.

Nimesoma mara moja tu. Nikaigeuza karatasi kifudifudi.

Sura za watu nasahau. Majina nasahau. Mwili niliowahi kuushonea sisahau. Kushoto pungufu sentimita tatu. Mwaka mzima nilishona suruali za namna hiyo, baada ya jiwe la mgodini kumvunja Ramazani mguu. Ramazani mume wangu. Baba yake Idi. Marehemu, ambaye nilimsomea hitima kwenye ua huuhuu, majirani wakaja na viti vyao.

Idi hakuondoka. Alisimama palepale. Hakuwa anangoja jibu la suruali. Alikuwa anangoja uso wangu.

Nikasema, "Zitakuwa tayari Ijumaa."

Jumanne, 15 Julai

Sijala. Mashine sijaigusa.

Niandike, maana hapa hakuna wa kumdanganya. Ramazani hakufa. Hakuwa mtu mbaya. Hakunipiga hata siku moja. Baada ya ajali alinyamaza tu, akakaa kitini, na ndugu zake wakaanza kusema badala yake. Wakasema mwanamke arudi kwao Kasongo, mtoto wa kiume abaki, ni wa ukoo. Nilimtazama Ramazani aseme neno. Alitazama mguu wake.

Idi alikuwa na miaka miwili. Asubuhi moja nilimfunga mgongoni kama ninayekwenda sokoni, nikatoka Kipushi, nikaja huku Lubumbashi, mahali ambapo hakuna aliyenijua. Nikasema mimi ni mjane. Mwaka uliofuata ndugu zake wakajua niliko. Wakatuma neno: tunakuja kumchukua. Nikampa jibu mwanamke mmoja mchuuzi wa samaki alipeleke Kipushi. Mtoto amekufa. Surua.

Hawakuja.

Mtoto nilimwambia baba amekufa. Baba nilimwambia mtoto amekufa. Na nimelala vizuri miaka ishirini. Hilo ndilo linanitisha leo. Nililala vizuri.

Ijumaa, 18 Julai

Suruali nimezimaliza jana, nimezipiga pasi. Idi amezichukua, akaipanga miguu sambamba, akaiona tofauti. Akaziweka chini polepole.

"Mama, haukuuliza."

"Kuuliza nini?"

"Fundi yote angeuliza asema, hii sentimita tatu ni kosa, ao ule muntu iko na kilema? Weye haukuuliza kitu."

Ulikuwa mtego. Nimeushona kwa mikono yangu mwenyewe, uzi mara mbili.

Akaniambia yote akiwa amesimama. Pampu ilikuwa ya kweli, ila aliimaliza siku ya kwanza. Mlinzi wa mahali pale, mzee kilema, alimuuliza jina. Idi wa nani? Wa Ramazani. Mama yako anafanya nini? Anashona. Mzee akakaa chini kwenye vumbi.

"Akanishika hapa," Idi akajigusa mashavu, "akasema: weye ulikufa. Ulikufa na surua."

Alikuwa ameshindwa kuamini. Jumapili zote zile alikuwa anakwenda kumkagua yule mzee, akirudi ananikagua mimi, apate kujua ni nani kati yetu mwongo.

"Juu ya nini, mama?"

Nikasema wangemchukua.

"Ulifanya vile juu yangu, ao juu yako?"

Jibu ninalo. Akakunja suruali, akachukua begi, akatoka. Mlango hakuubamiza. Afadhali angeubamiza.

Jumanne, 22 Julai

Hayupo. Siku ya nne. Simu inaita tu, haipokewi.

Namshuku Ramazani. Anamjaza Idi maneno, anasema nilimkimbia kwa sababu ya mguu. Na je, ni uongo? Namshuku mkuu wake wa kazi, aliyeniambia hajui aliko kisha akageuza uso. Namshuku Idi mwenyewe, kwamba alishapanga kuondoka na suruali zilikuwa sababu tu. Leo nilimwambia mteja libaya yake imempendeza, akasema asante, nikamshuku na yeye.

Mama Kapinga nimemweleza yote. Nilitaka aseme kwamba mama yeyote angefanya vile. Hakusema. Aliuliza tu:

"Sasa utaenda kule, ao utabakia hapa na mashini?"

Jumapili, 27 Julai

Nimekwenda.

Nyumba haikunisumbua kuipata, kila mtu anamjua mzee kilema wa pampu. Walikuwa uani. Ramazani kitini, kichwa amekilaza nyuma, shingo wazi, na Idi anamnyoa ndevu. Idi aliniona. Mkono wenye wembe ulisimama. Kisha ukaendelea.

Nilikuwa nimepanga maneno njiani. Yamepotea yote. Ramazani amekuwa na mvi kichwa kizima. Ndugu zake wamekwisha kufa, amebaki peke yake. Alinitazama bila kugeuza shingo, kwa ajili ya wembe.

"Hitima yangu," akasema, "mulipika nini?"

Nikasema wali na mbuzi.

"Mbuzi muzima?"

"Nusu."

Akafumba macho. Nikadhani atacheka.

"Ya Idi nilichinja muzima," akasema. "Sikuwa na kazi ile wakati. Niliuza kitanda."

Nikakaa chini, hapohapo, na gauni langu zuri. Nikalia kwa sauti. Hakuna aliyenizuia, hakuna aliyenibembeleza. Idi alimaliza shavu la pili, akamfuta baba yake kwa taulo, akamwaga maji. Nilisema nisamehe. Niliwaambia wote wawili. Ramazani akasema amesikia. Ndivyo alivyosema: amesikia.

Idi akanisindikiza mpaka zinaposimama taksi-basi. Alitembea mbele yangu hatua kadhaa. Nilipopanda ndipo akasema, "Alhamisi nitakuya. Niko na kazi kule."

Sikuamini.

Alhamisi, 31 Julai

Amekuja. Na begi.

Jumamosi, 9 Agosti

Tunaishi. Jumapili anakwenda kwa baba yake, na sasa anasema wazi anakokwenda. Anakula ninachopika.

Ila ananihakiki. Juzi nilimwambia makaa yamekwisha, akaenda kufunua gunia. Nilisema Mama Kapinga anamsalimu, nikamsikia uani akimuuliza kama ni kweli alituma salamu. Cheti chake cha kuzaliwa amekichukua kwangu, amekwenda kukilinganisha sijui na nini. Hafanyi kwa hasira. Anafanya kama fundi anayepima waya kabla ya kuushika.

Ni haki yake.

Leo asubuhi alikuwa anajitayarisha kwenda kazini. Nikamwambia avae koti, nje kuna baridi. Alifungua mlango, akatoa mkono nje, akauacha huko kidogo.

Kisha akarudi kuchukua koti.