Chaki Kwenye Tangi la Bandarini

Fundi Rono,

Nakuandikia nikiwa hapa mtaani Rhonda, kwenye karakana yako, nimekalia lile pipa lako lililobonyea. Mama Chep wako alinipa ufunguo tulipotoka kanisani. Kila kitu kiko ulivyokiacha, hata kikombe chako, na chai imekaukia ndani. Sikuweza kukigusa. Nimelia kidogo, basi. Kesho nasafiri, na kuna jambo lazima nikuambie kwanza.

Siku uliyofariki nilikuwa Pwani, bandarini, nachomelea ukuta wa tangi jipya la mafuta ghafi, yale yanayongoja meli. Simu ikalia. Mama Chep akasema, "Nekesa, Fundi ametuacha." Nikauacha mshono katikati. Nikakaa chini. Halafu nikainuka nikaendelea pale pale nilipoachia. Mshono ulikuwa umepoa na kuacha kishimo, na sikukisaga kwanza. Fundi, uliwahi kunirushia brashi ya waya kwa kosa hilo hilo! Lakini nilikuwa nalia ndani ya kofia ya kuchomelea, sioni mbele. Jioni nikapanda basi kuja kukuzika kwenu Kuresoi. Viazi vyako vilikuwa vimetoa maua.

Niliporudi kazini, tangi lilikuwa limeshapitishwa. Picha za mashine za kukagua mishono hupigwa hapa na pale tu, na pale pangu hawakupiga. Zilibaki siku chache lijazwe. Nilinyamaza siku mbili nzima, naona aibu kusema. Lakini maji yakipwa, nilikuwa nawaona kina mama wakiokota chaza hatua chache kutoka kwenye lile tangi. Usingizi ukanipotea.

Nikamwendea msimamizi. Akanikazia macho. "Madam, hii tangi ilishapita. Unataka kujiharibia kazi juu ya nini?" Nikamwomba chaki, mafuta ya taa na nusu siku. Vijana wakacheka wakaita huo mtihani wa jua kali, wa mafundi wa mtaani. Waache wacheke. Nilipaka chaki nje ya mshono, nikapaka mafuta ya taa kwa ndani, kisha nikakaa kutazama ule weupe, kama tulivyokaa mimi na wewe mbele ya matangi ya dizeli ya wakulima wa Njoro. Nilikusikia kabisa ukisema, "Maji inaweza kukudanganya. Mafuta ya taa haina aibu, itapita tu."

Kabla ya chakula cha mchana likatokea doa, dogo kama punje ya maharagwe. Hakuna aliyecheka tena.

Pale pakakatwa, akaitwa mwingine achomelee upya. Tukapaka chaki tena, na mpaka jioni ilibaki nyeupe. Mimi nikanyang'anywa cheti cha kuchomelea matangi hadi nirudie mtihani mbele yao. Sibishi, kosa lilikuwa langu. Lakini nilikasirika, Fundi, na bado nina hasira, hasa na wale wanaoniambia ningenyamaza tu.

Hapa mtaani wananishauri nibaki nitengeneze mageti. Mageti ni kazi nzuri, na wewe umesomesha watoto kwa mageti. Ila mimi narudi. Mtihani ni Jumanne, na sitaki mtu aseme mwanafunzi wa Rono alitoroka kwa sababu ya doa moja.

Brashi yako ya waya nimeifunga kwenye leso, naondoka nayo. Mama Chep amekubali, akasema angalau sasa haitarushiwa mtu.

Najua nitakukumbuka nikiwasha moto. Nikitaka kulia, nitazima kwanza, nilie mpaka nimalize, nisage kishimo mpaka chuma king'ae, ndipo niendelee. Hiyo ndiyo ahadi yangu, na si ya Jumanne peke yake.

Lala salama, Fundi wangu. Nafunga karakana sasa. Kikombe chako nimekiosha.

Nekesa