Blanketi ya Mama Inaenda Walikale

Dada Feza, jambo kwako, kwa shemeji na kwa watoto wote wa kule Nyamitaba.

Niko hapa Masisi na baridi yake. Kesho tunaanza kwa miguu mpaka Walikale, siye wabeba-mizigo na muzungu mumoja mwenye anataka kuona pori. Leo alisimama na mizani, anapima kila kitu. Alipofika kwangu, akatupa pembeni ile blanketi yenye Mama alipewa kwa mahari yako.

"Uzito ya bure," akasema. "Nyinyi munalala karibu na moto."

Papa Kibira, muwindaji wa Walikale mwenye atatuonyesha njia, akamujibu: "Bwana, kule mvua inazima moto."

Muzungu alicheka tu.

Kumbe gramofoni yake ya kupiga muziki ilikuwa haina kitu ya kuifunika. Akaangalia huku na huku, akaokota blanketi yangu, akaifunga nayo polepole kama mutoto muchanga, akatia tirubai juu. Ule muzigo akanipa miye. Sasa uzito haiko tena!

Nikaupandisha juu ya kichwa, dada. Kapita, musimamizi wetu, alikuwa pale na kiboko yake ya kuchapa watu.

Njo vile blanketi ya Mama inaenda Walikale mu kichwa yangu, na miye nitajifunika majani. Ubakie muzuri, unikumbatie watoto. Mama akiuliza, umusomee hapa tu: blanketi iko, na haitaloana hata kidogo.

Kaka yako,
Anatole