Mukwe na Mama Mukwe kwenye Sahani Moja

Kabambare, Jumapili

Naandika hii kwa hasira. Kisa cha sinema niliandika mimi, lakini leo kwenye kitambaa cheupe cha kuonyeshea picha limetokea tu jina la Padri aliyeipiga.

Hilo ningelimeza. Lakini aliongeza kipande bila kuniuliza: mukwe anakula sahani moja na mama mukwe wake! Hapa kwetu mama mukwe akitokea, mukwe anaacha njia. Wamama wakafunika nyuso. Wazee wakainuka waende zao.

Padri hajui Kiswahili. Mimi ndiye ninayewaelezea watu picha. Akanisukuma na kiwiko, akaniambia kwa Kifaransa chake: "Albert, sema kitu!"

Nikasema. "Wazazi wangu, kisa hii ni ya Padri peke yake. Mimi simo."

Padri akasikia anatajwa, akasimama, akawainamia kwa furaha.