Nyuma ya Ukuta wa Wainka

Guangzhou, 14 Novemba 1998

Baba Nahla,

Salamu wape watoto. Wewe leo sina za kukupa.

Kontena letu limechelewa kupakiwa, basi jana Swalha, jirani yangu hapa hotelini, mtaa wa Xiaobei, akanivuta kwenye matembezi ya nusu siku, ya bei ya chee. Eti tukaone majengo ya Wainka, wafalme wa kale wa Peru, yaliyojengwa kwa mfano kwenye bustani moja nje ya mji. Mwongozaji alituswaga kama kuku, kibendera juu. Tulipofika kwenye ukuta wa mawe makubwa, akatupanga tupigwe picha.

"Hapa mbele tu," akasema. "Nyuma hakuna kitu."

Mimi ni mtu wa kuambiwa hivyo? Nikazunguka. Nyuma ni mianzi imeegemezwa, na jiwe nililigonga likalia kama debe tupu. Swalha alicheka mpaka akakaa chini. Mimi sikucheka.

Nilirudi chumbani nikazitoa picha tatu ulizonitumia za nyumba yetu unayoijenga Fuoni. Mlango wa nakshi, baraza, wewe na kanzu yako. Zote za mbele! Miaka miwili nakutumia pesa za ujenzi, mwenyewe nalala katikati ya marobota ya vitambaa, na sijaona hata dirisha la uani. Nikiuliza jiko, unanijibu habari za mvua. Nilipompigia mama yako kumuuliza yeye, alianza kulia.

Natua Ijumaa ya mwisho wa mwezi. Usije kunipokea uwanjani, Abdulwakil. Nisubiri nyuma ya nyumba.

Hafidha