Senene Nilizozikana

Jumanne, Novemba. Bwenini, Guangzhou, China.

Hasira hazijaniisha, na nyingi ni za kujikasirikia mwenyewe.

Leo darasani mwalimu katuonyesha filamu fupi za kale, zile za maajabu ya dunia, zilizokuwa zikitangulia sinema yenyewe. Samaki anayetembea nchi kavu. Ndama mwenye vichwa viwili. Halafu mama mmoja Mwafrika na ungo wake, anachambua senene, wale panzi wetu wa msimu wa mvua. Mbawa, miguu, upesi upesi, kama mama yangu kabisa kule Bukoba. Mtangazaji akasema watu hawa hula chochote kinachodondoka kutoka angani. Darasa zima likacheka.

Chochote! Mjinga mkubwa. Senene unakesha ukizisubiri, unazichambua mpaka vidole vinauma, na anayewekewa ni mgeni wa heshima!

Lin, ninayekaa naye dawati moja, ambaye juzi tu alinikaribisha viwavi wa hariri wa kukaanga, akanigeukia. "Koku, kwenu mnakula hivi?"

"Hapana," nikasema. "Labda zamani."

Mhaya mzima, nakana senene mbele ya mla viwavi!

Na kabatini, nyuma ya viatu, kuna kifurushi alichoniletea Jumapili mfanyabiashara wa kutoka nyumbani aliyekuja kununua mikoba kwenye soko la Shiling. Nilikificha mwenyewe, wenzangu wasije wakasikia harufu.

Jioni nimekuta ujumbe wa sauti wa mama: "Mwanangu, senene zimefika? Nimezichambua kwa mkono wangu. Nimezidisha, uwaonjeshe na wenzako."