Muziki Ule Haukuwa wa Baba

Malvern, Toronto

Kaka Bakari,

Shikamoo. Goti la mama linaendeleaje, na ile dawa ya kuchua niliyotuma ilifika? Mimi mzima wa mwili. Roho ndiyo imechafuka, na ukisoma utajua kwa nini sijakuletea maneno ya ule ubao wa kumbukumbu mnaotaka kumwekea marehemu baba kwenye ukumbi wa kikundi chake cha taarabu.

Nilishakwambia namhudumia Mzee Varkey, mtu wa Kerala, kusini mwa India. Alikuwa mtunzi wa muziki wa filamu za Kimalayalam, lugha ya kwao. Alianza na kinanda cha kanisani, akaenda Madras kwenye studio, akazeekea huko. Anasema kwao muziki hutangulia: yeye anapiga harmoniamu, mshairi ameketi mbele yake akitafuta maneno ya kuingia humo. Zilipokuja kompyuta, simu yake ikaacha kulia. Mwanawe akamleta huku kwenye baridi, na wajukuu wanamwambia apunguze sauti.

Juzi asubuhi nilikuwa namkata kucha huku naimba kichinichini wimbo wa baba, ule uliompa jina Tanga nzima. Kabla sijamaliza ubeti, mzee akaanza kukiimba kipande cha fidla kinachofuata. Chote, kaka, hadi pale kinapokatika ghafla.

"Umeutoa wapi wimbo wangu?"

"Ni wa baba yangu. Alitunga yeye."

Akaniambia nifungue kabati. Santuri ilikuwa humo, na jalada lina picha yake akiwa kijana. Picha ile naijua. Ilikuwa sebuleni kwa yule mwalimu wa hesabu Mhindi, jirani yetu, ambako baba alikwenda kila Jumapili kusikiliza santuri.

"Na jina langu mlilitaja?" akauliza.

Nikaendelea na kucha.

Maneno ni ya baba, sikatai, na ni matamu. Kuazima muziki wa Wahindi, wangapi hawakufanya? Angesema tu. Lakini Ami Hamadi, mpiga fidla wake, alipolisema mbele ya kikundi, baba alimwita hasidi, akamfukuza. Mimi ndiye niliyetumwa kumwambia asikanyage kwetu tena. Nilikuwa na miaka kumi, nikasema kwa kiburi, mkewe anasikia. Alipokufa hatukwenda hata mazikoni. Na baba alijua. Miaka yote ile alijua, akala, akalala. Nina hasira naye, na hayupo nimwambie.

Mama usimsomee barua hii. Nisalimie wifi Rehema na mama mkubwa aliyenilea.

Kwenye ubao waandike baba aliimba. Wasiandike alitunga muziki. Na kabla haujapigiliwa, nenda kwa mjane wa Ami Hamadi, uvue viatu, uketi. Mwambie mumewe alisema kweli, na yule mtoto aliyekuja kumfukuza anamwomba radhi.

Mdogo wako,
Zainabu